Emmi wa Brigitte Mira

Mwanamke mfupi, mtu mzima, anaingia kwenye baa mjini Munich kukwepa mvua. Wateja, wengi wao vibarua wa Kiarabu, wanamkodolea macho. Anaketi meza ya karibu na mlango, anaagiza kola. Ndivyo Brigitte Mira anavyotuletea Emmi, mjane anayefanya kazi ya usafi, katika Angst essen Seele auf, filamu ya Rainer Werner Fassbinder ya mwaka 1974. Hajitutumui, wala hatuombi tumhurumie. Amekaa tu na koti lake, kama mtu asiye na hakika kama kiti kile ni halali yake.

Emmi anaolewa na Ali, kibarua kutoka Moroko ambaye Emmi amemzidi umri kwa miaka mingi. Wanawe wanamkana, majirani wanamsema, na wafanyakazi wenzake wanamwacha ale peke yake kwenye ngazi. Mwigizaji mwingine angemgeuza malaika. Mira anakataa. Wenzake wanapomrudia, naye anamtenga mgeni aliyeletwa kazini kutoka Yugoslavia. Ali akitamani kuskusi, anamwambia azoee mambo ya Ujerumani. Anayasema hayo kwa sauti ileile ya upole aliyomkaribishia kahawa, na hapo ndipo ninapomvulia kofia: wema na ukatili wa Emmi vinatoka kinywa kimoja, bila ishara ya kututahadharisha.

Sehemu nyingine hunisisimua zaidi. Siku ya ndoa, Emmi anampeleka Ali kwenye mkahawa wa kifahari, akieleza kwa furaha kwamba Hitler alikuwa akila pale. Babake Mira alikuwa mpiga piano Myahudi kutoka Urusi. Binti huyo aliyepita katika miaka ile anayatamka maneno yale kwa uso mkunjufu, kama mama yeyote anayejivunia kuingia mahali pa wakubwa. Angekunja uso hata kidogo tu, tungemwona Mira, na Emmi angepotea.

Wapo wanaodhani waigizaji wa aina hii hujiigiza wenyewe. Hapana. Mira, mzaliwa wa Hamburg mwaka 1910, alikulia jukwaani, kwenye operetta na kabareti, akiimba na kuchekesha. Aliyezoea kungoja kicheko cha ukumbi hujua uzito wa nukta moja ya kimya, na Emmi amejengwa kwa vimya hivyo. Filamu hiyo ilimpa tuzo ya filamu ya Ujerumani, akiwa na miaka 64.

Fassbinder hakumwachia. Mwaka 1975 alimpa nafasi kuu ya Mama Küsters, na mwaka 1980 akamfanya mama mwenye nyumba katika Berlin Alexanderplatz, tamthilia ya televisheni ya sehemu 14. Lakini Wajerumani wengi walimjua kupitia Drei Damen vom Grill, iliyorushwa tangu 1977 hadi 1991, akiwa bibi wa familia inayouza soseji kwenye kibanda mjini Berlin. Wahakiki hawakuijali sana. Mimi naiheshimu, kwa sababu hata pale, akimkabidhi mteja soseji, alimtazama usoni kwanza.