PES 6 kwa Kiswahili: sauti inatoka, lakini nani anaongea?

Wandugu, likizo iliyopita nilirudi Yanonge nikakuta mdogo wangu ameweka PES 6 yenye watangazaji wa Kiswahili. Mtu alimuuzia kwenye kle, Kisangani. Nilifurahi, kumbe mapema. Goli likiingia, sauti inasema kona. Kona ikipigwa, kimya.

Mimi ni mtu wa mihogo, si wa informatiki, lakini usiku ule sikulala. Maneno yote ya utangazaji yanakaa ndani ya faili moja kubwa, e_sound.afs, lenye vipande vingi vya sauti. Mwanzoni kuna orodha: kila kipande kinaanzia wapi, kina ukubwa gani. Mchezo hauelewi maneno, unaita namba tu. Mwenye kutengeneza aliruka kipande kimoja, basi vyote vya nyuma vikasogea. Na pale Kiswahili kilikuwa kirefu kuliko Kiingereza, alikata mkia. Nilijaza pengo kwa kipande cha zamani, nikajenga faili upya. Ikatembea.

Sasa ndipo ubaya wenyewe ukasikika. Kwa Kiingereza watu wawili wanaongea, mmoja anaeleza, mwingine anatia maoni. Hapa ni sauti ileile mara mbili: jamaa anauliza, anajijibu, anajicheka. Majina ya wachezaji aliyaacha kwa Mwingereza, kwa hiyo Mzungu anaita jina, halafu mtu wetu anamalizia "anaupiga mpira" polepole kama anasoma tangazo la kilio. Mlinda mlango! Mkwaju wa adhabu! Kwetu nani anasema hivyo? Tunasema gardien, tunasema penalti, na mtangazaji wa Kisangani anachanganya Kiswahili, Lingala na Kifaransa kwa pumzi moja.

Kosa lake si Kiswahili. Alitafsiri kipande kwa kipande. Wazee Walokele wanajua hii: lokole haipigi neno fupi peke yake, juu linafanana na mengine, inapiga sentensi nzima. Angetazama mechi kwanza, afunge karatasi, aongee.

Mara moja alifanya hivyo. Kuna kipande cha goli anapolia "Imeingiaaa!" mpaka sauti inapasuka.

Mdogo wangu alicheza mechi mbili, akarudisha Kiingereza. Nilimuomba aache kile kipande kimoja mahali pake. Amekiacha.