Manowari na Mtama wa Ruangwa

Filamu ya Shout at the Devil (1976), iliyotokana na riwaya ya Wilbur Smith, imeazima kisa cha manowari ya Kijerumani Königsberg na kuibandika jina la Blücher. Msomaji wa Unguja anaijua Königsberg kwa njia nyingine: ndiyo iliyoizamisha Pegasus ya Waingereza bandarini mwake tarehe 20 Septemba 1914, kisha ikajificha katika mikono ya mto Rufiji hadi ilipoangamizwa Julai 1915.

Moshi na mizinga vinapendeza, na Lee Marvin anachekesha; hapana haja ya kubisha. Lakini humo yumo mtumishi Mohammed, ameigizwa na Mwingereza Ian Holm, naye amefanywa bubu. Tena meli ikiripuka, kisa kimekwisha.

Vita vyenyewe havikwisha hapo. Mizinga kumi ya Königsberg iliopolewa, ikatiwa magurudumu, ikakokotwa bara. Tangu Machi 1915 Waingereza walikuwa wametangaza kuifunga pwani yote. Mwaka mmoja baadaye meli Marie ilipopenya na kutia nanga Sudi, kusini ya Lindi, shehena yake ya silaha ilipandishwa bara kwa vichwa vya wapagazi. Oktoba 1917 majeshi yalikuwa yakigombania Ruponda, upande wa Nachingwea, ambako Wajerumani waliweka ghala. Mkulima wa Ruangwa hakupata kuona manowari. Hata hivyo pwani iliyofungwa iliwaacha askari wale mtama wa bara, na mtama huo ulikuwa wake. Sehemu hii ya vita vya bahari haimo kabisa katika filamu, wala katika The African Queen (1951), iliyo nzuri kuliko hiyo kwa mengi mengine.

Tendi za Kiswahili zina jicho pana zaidi. Hemedi bin Abdallah el-Buhriy, katika habari za Wadachi kuitamalaki Mrima, anaitazama merikebu kutoka ufukweni, walipo watu wanaopigwa. Abdul Karim bin Jamaliddini wa Lindi, katika utenzi wa Maji-Maji, aliligeuza jicho la mpwani kuelekea bara. Tena umbo lenyewe linafaa: vipande vinne vya mizani nane nane, ubeti baada ya ubeti, ni mwendo wa msafara. Ukweli ni kwamba njia ya kutoka Sudi, pamoja na mizigo yake, inamngoja mtunzi kuliko inavyomngoja mpiga picha.