Ubongo, Akili na Fahamu: Tahadhari kwa Wafasiri

Katika miswada ya saikolojia na falsafa inayopita mezani petu, mara kwa mara tunakuta neno ubongo likibebeshwa mizigo miwili: kile kiungo kilichomo ndani ya fuvu, na ule uwezo wa mtu wa kuwaza, kukumbuka na kuona uchungu. Mfasiri hudhani amerahisisha mambo. Maoni yetu ni kwamba ameikata kesi kabla ya mashahidi kusikilizwa.

Tuchukue mfano. Mwaka 1956, U. T. Place alichapisha makala akidai kwamba yapitayo katika fahamu ya mtu si kitu kingine ila ni utendaji wa ubongo, kama vile radi ilivyo mwendo wa umeme tu. Dai hilo lina uzito kwa sababu linaunganisha majina mawili yaliyodhaniwa kuwa ya vitu viwili. Likifasiriwa kwa neno moja litasomeka: ubongo ni ubongo. Hapo hapana dai wala wa kulipinga.

Wapinzani nao hunyimwa ulimi. Frank Jackson, mwaka 1982, alibuni mfano wa Mary, mtaalamu aliyejua fizikia yote ya rangi huku amefungiwa katika chumba cha nyeusi na nyeupe tu. Je, siku aionapo nyekundu hatajifunza jambo jipya? Swali hili haliulizwi kwa Kiswahili cha neno moja.

Litumike neno gani basi? Roho huja na imani za dini. Nafsi hudokeza kitu kinachojitegemea. Akili huelekea werevu. Tunapendekeza ubongo libaki kwa kiungo, akili kwa uwezo wa kufikiri, na fahamu kwa ile hali ambayo mgonjwa huipoteza azimiapo na kurudiwa nayo azindukapo.

Atakayepinga atatukumbusha kwamba husemwa pia mishipa ya fahamu, yaani neno limekwisha egemea upande wa mwili. Lakini mishipa ya fahamu si fahamu, kama vile mfereji wa maji si maji.

Iwapo sayansi ya maumbile itaweza kuieleza fahamu yote au la, hilo si letu kuamua. Kazi ya istilahi ni kuliacha swali libaki swali. Mwanafunzi anayesomeshwa kwamba ubongo ndio unaoona uchungu amekwisha pewa jibu, naye hajui kwamba palikuwa na swali.