Wayne Laryea na Kazi ya Kumsikiliza Mwenzako

Wayne Laryea ni mwigizaji wa Uingereza asiye na jina kubwa. Nafasi mbili anazokumbukiwa zaidi zilikuwa katika vipindi ambavyo havikudumu. Ya kwanza aliipata Marekani mwaka 1970, katika The Bugaloos, kipindi cha watoto cha ndugu Sid na Marty Krofft kilichorushwa na NBC. Vijana wanne Waingereza walicheza wadudu wenye bendi ya muziki, na Laryea alikuwa Harmony, nyuki mpiga kinanda. Vilirekodiwa vipindi 17 tu.

Nafasi ya pili ilimpeleka Birmingham. Empire Road, tamthilia ya Michael Abbensetts, mzaliwa wa Guyana, ilirushwa na BBC mwaka 1978 na 1979 kwa misimu miwili. Ilitengenezwa na studio za Pebble Mill, na picha za nje zilipigwa Handsworth, mtaa wenye wakazi wengi wenye asili ya visiwa vya Karibiani na Bara Hindi. Ilikuwa miongoni mwa tamthilia za mwanzo za televisheni ya Uingereza kuandikwa na mwandishi mweusi na kuchezwa na waigizaji ambao wengi wao walikuwa weusi.

Kiini chake ni Everton Bennett, mwenye nyumba na mfanyabiashara anayetaka kila jambo la mtaani lipitie kwake. Nafasi hiyo ilichezwa na Norman Beaton. Laryea alikuwa Marcus, mwanawe, anayempenda Ranjanaa Kapoor, binti wa Kihindi aliyechezwa na Nalini Moonasar. Wazee wa pande zote mbili hawautaki uhusiano huo. Msomaji wa Mombasa au Dar es Salaam hahitaji kuelezwa uzito wa habari hiyo.

Ugumu wa nafasi kama ya Marcus hauonekani kwa haraka. Baba ndiye mwenye maneno, majigambo na vichekesho, naye mtoto kazi yake kubwa ni kusikiliza. Akisikiliza kwa uvivu, maneno ya baba yanakosa pa kutua. Akizidisha mbwembwe, anamnyang'anya mwenzake onyesho. Inabidi mtazamaji aone heshima na ukaidi katika uso uleule, kabla kijana hajafungua kinywa.

Tamthilia za studio za miaka hiyo zilidai ustadi huo kwa namna ya pekee. Mazoezi yalifanyika katika chumba kitupu, kuta na milango ya nyumba ikiwa imechorwa sakafuni kwa utepe. Siku ya kurekodi, kamera kadhaa zilifanya kazi kwa pamoja, na mwongozaji, akiwa chumba kingine, alichagua picha ya kutumia papo hapo. Mwigizaji alipaswa kusimama penye alama yake bila kuitazama, asimzibe mwenzake, na akumbuke kwamba wakati wowote picha ingeweza kumhamia yeye, hata kama zamu ya kusema si yake. Aliyesubiri tu zamu yake ya kusema alinaswa mara moja.

Wenzake kadhaa walifika mbali zaidi. Beaton aliongoza vichekesho vya Desmond's kuanzia 1989. Joseph Marcell, aliyekuwa Walter katika Empire Road, ndiye Geoffrey wa The Fresh Prince of Bel-Air, anayefahamika hata Afrika Mashariki. Rudolph Walker, aliyejiunga katika msimu wa pili, aliingia katika tamthilia ya EastEnders mwaka 2001.

Mafanikio hayo hayapunguzi thamani ya mchango wa Laryea. Ubabe wa Everton ulihitaji mtu wa kuupinga ndani ya nyumba yake mwenyewe, mtoto anayempenda baba yake lakini hayuko tayari kuchaguliwa mke. Mzozo huo usingeaminika kama Marcus angekuwa mtiifu mno au mkorofi mno. Kuupata wastani huo, na kuushikilia onyesho baada ya onyesho huku sifa zikienda kwa mwingine, ni ufundi unaostahili kuheshimiwa kwa jina la aliyeufanya.