Pana Wenyewe

Kijana anayetembeza wageni kwenye magofu ya Kaole, nje kidogo ya Bagamoyo, hakutamka neno jini hata mara moja. Nilimfuata karibu saa nzima, daftari mkononi, nikilisubiri. Alituonyesha mabaki ya msikiti wa karne ya 13, akatupitisha kwenye makaburi yenye minara, akasimama kwenye kaburi la Sharifa ambako watu mpaka leo huweka nadhiri, akafika kisimani, penye maji matamu ingawa bahari ni pua na mdomo. Hapo akashusha sauti. "Saa saba mchana watu hawaji hapa." Mama mmoja kati yetu akauliza kwa nini. "Pana wenyewe, mama," akasema, kisha akatangulia kuelekea kwenye mbuyu. Yule mama akatazama saa yake.

Mimi nilikuwa nimeandika kurasa tatu za kumtisha msomaji, nikashindwa. Hadithi yangu ilikuwa ya mfululizo, ya gazetini, juu ya nyumba moja ya zamani Bagamoyo, na jini wake hakupungukiwa na kitu: macho mekundu, kucha kama visu vya kuparia samaki, kicheko cha kutikisa mabati. Mhariri alinirudishia akiwa ameandika pembeni kwa penseli: "Huyu jini namwonea huruma, kazi zote anafanya peke yake." Nilinuna wiki nzima. Kaole ndiko nilikoelewa alichomaanisha.

Majini yapo au hayapo, kila mtu na imani yake, na safu hii haiingii huko. Ninachotaka kufungua ni mashine yenyewe: hofu ya hadithi zetu za pwani inaundwa kwa vifaa gani?

Chukua maneno mawili ya yule kijana. Katika "pana", kiima ni mahali. Hakuna mtu aliyetajwa, hakuna mnyama, hakuna pepo. Ni mahali ndipo penye jambo. Halafu "wenyewe" limeachwa likining'inia bila jina la kulishikilia. Wenyewe wa nini? Wa kisima? Wa ardhi? Wa saa saba? Kijana hasemi, wala hahitaji kusema, kwa sababu likishatamkwa neno hilo wewe uliyesimama hapo umegeuka mgeni, tena mgeni aliyeingia bila hodi. Kwa maneno mawili amepata mwenye nyumba, amepata mgeni, na amepata kosa. Kurasa zangu tatu hazikuwa na kosa. Jini wangu alimrukia mpangaji bila sababu, kama mbwa koko.

Lugha hii ina viambishi vitatu vya mahali, na ajabu ni jinsi waandishi wa hadithi za kutisha wanavyovitumia kama vile ni kimoja. Andika: "Kuna kitu." Msomaji anatazama mbali, huko kwenye mikoko. Andika: "Pana kitu." Sasa anatazama pale unapomwelekeza. Andika: "Mna kitu," na tayari amekwisha kuingia chumbani, mlango uko nyuma yake. Kitu chenyewe sijakigusa, sijakipa macho wala kucha. Kilichosogea ni msomaji.

Muhammed Said Abdulla aliijua kazi ya mahali. Riwaya yake ya kwanza, Mzimu wa Watu wa Kale, ilishinda shindano la uandishi la 1957-58 na kutoka kitabuni mwaka 1960, na wengi tunaikumbuka kwa mpelelezi Bwana Msa na kiko chake, na kwa rafiki yake Najum. Lakini angalia kichwa cha kitabu. Mzimu kwetu ni mahali panapopelekwa sadaka, na ni huyo huyo anayepelekewa. Tena neno liko katika ngeli moja na mti na mlango: mzimu huu, mizimu hii. Halijapewa uhai kwa sarufi, ilhali linapewa ubani na kuku. Abdulla anaitupa maiti mahali hapo, na wenye kuogopa wana jibu kabla ya polisi kufika. Bwana Msa ni mtu wa akili ambaye ushirikina haumbabaishi, na kwa hiyo huwa tunasema riwaya hii inapiga vita imani za mizimu. Ni kweli, ila kiufundi inazihitaji. Bila hofu ya mahali, muuaji hana pa kujifichia, na mpelelezi hana pazia la kuvuta.

Nadhani ilimsaidia pia kwamba mtu huyu, kabla ya kuwa mhariri wa magazeti, alikuwa bwana afya Unguja kwa miaka kumi. Bwana afya ndiye mgeni pekee mwenye ruhusa ya kuchungulia kisima cha mtu. Mwaka 1968 Abdulla alitoa Kisima cha Giningi, na Giningi ni jina jingine la mahali: huko, kwa simulizi za visiwani, ndiko wachawi wanakokutana. Said Ahmed Mohamed alipapokea mahali hapo hapo katika tamthilia yake Kivuli Kinaishi ya 1990, akampa Bi Kirembwe apatawale, na uchawi ukawa siasa. Watunzi wawili, kazi mbili tofauti kabisa, na hakuna aliyelazimika kueleza Giningi ni nini kwa msomaji wa Pemba. Jina lilishafanya kazi kabla ya ukurasa wa kwanza.

Sasa turudi kwa jini wangu maskini. Niliandika "jini likacheka", nikidhani li- itamfanya awe dubwana. Sarufi ya shuleni inataka "akacheka", maana kiumbe ni kiumbe, lakini mitaani tunasema vyote viwili na tofauti yake tunaijua. Yule jini ana jina, ana kabila, unaweza kumuuliza anataka nini akakujibu kwa kinywa cha mgonjwa. Lile jini halina mazungumzo. Kosa langu ni kwamba nililianza na li- tangu mstari wa kwanza, nikakosa pa kwenda. Msimulizi mzuri huanza na yule. Humwacha aongee, adai pete au kitambaa chekundu, mpaka tumemzoea. Siku atakapomwita "lile" mara moja tu, katikati ya sentensi, tutajua mazungumzo yamekwisha.

Kisha kuna hu-. Hiki ndicho kiambishi cha kutisha kuliko vyote, na hakuna mwalimu aliyeniambia. "Hutoka saa saba." Nani? Wangapi? Hu- imefuta nafsi, imefuta idadi, imefuta hata tarehe. Tukio la -li- limeisha. Lilitokea jana kwa mtu mwingine. La hu- halikuisha wala halikuanza, linakungoja wewe.

Bingwa wa hu- katika ukanda huu hakuwa mtunzi wa riwaya. Ni Mtoro bin Mwinyi Bakari, mtu wa Bagamoyo, aliyekwenda Berlin mwaka 1900 kufundisha Kiswahili, na ambaye maandishi yake ndiyo sehemu kubwa ya Desturi za Wasuaheli, kitabu alichokihariri Carl Velten na kukichapisha mwaka 1903. Humo mna pepo, mna uganga na uchawi, na mna ngoma za kumpunga mgonjwa, vyote vimeandikwa kwa sauti ile ile inayoeleza harusi na jando. Hakuna anayepiga kelele. Kuna kinachotakiwa kuletwa, anayetakiwa kuitwa, kinacholipwa. Ukisoma usiku unaogopa kuliko ukisoma riwaya, na sababu ni hiyo bei. Mtu anayekutajia gharama ya kumtoa pepo haonekani kama anayebuni.

Mtoro mwenyewe yalimfika ambayo mtunzi angeona haya kuyabuni. Alioa Mjerumani mwaka 1904, mwaka uliofuata wakapanda meli kurudi pwani, na serikali ya kikoloni ikawakatalia kuteremka. Mtu aliyeandika desturi za mji wake akageuzwa kutoka baharini kama mgeni asiyetakiwa. Alifia Berlin mwaka 1927.

Nikisema mgeni, nina maana ya kiufundi. Katika Dracula ya Bram Stoker, ya mwaka 1897, uovu unapanda meli na kuwashukia Waingereza. Mgeni ndiye hatari. Bagamoyo haingeweza kuishi kwa hadithi ya namna hiyo. Mji ulikula kwa wageni: wapagazi wa Kinyamwezi waliofika na pembe, wafanyabiashara wa Kihindi na Kiarabu, mapadri waliojenga misheni yao mwaka 1868. Kwa hiyo hadithi zetu ziligeuza upande. Hatari humwangukia mgeni, kwa sababu hajui miiko. Amefagia usiku. Amejibu alipoitwa jina mara moja. Amekaa chini ya mbuyu saa isiyo yake.

Palipobaki mlango wazi ni kwa mumiani, mgeni anayetafuta damu ya watu. Neno lilianza kama jina la dawa nyeusi iliyotoka Uajemi. Kamusi Sanifu ya Kiswahili kwa Kiingereza ya 1939, ya Frederick Johnson, inaeleza dawa hiyo vizuri, kisha inaongeza kwamba wengi wanaamini ni damu ya watu waliouawa, na kwamba uvumi ukizuka, watu wa mji hutoka nyumbani kwa nadra baada ya jua kuzama. Sijapata kuona kamusi ikisimulia hadithi namna hiyo: inaanza na duka la dawa, inamaliza na barabara tupu. Na haikumwonyesha mumiani hata ukucha.

Popobawa wa Pemba na Unguja, aliyetikisa visiwa mwaka 1995, ana ufundi mwingine ninaouonea wivu. Aliyefikwa huambiwa lazima awasimulie wenzake, asipofanya hivyo atarudiwa. Hadithi imebeba ndani yake amri ya kusambazwa. Mchapishaji gani ana mkataba kama huo?

Mfano ulio karibu zaidi ni ule wa barabara ya Bagamoyo, ambao kila dereva anadai ulimpata rafiki yake. Usiku, baada ya Mapinga, mwanamke wa buibui anapunga mkono. Dereva anasimama. Kwanza ni harufu ya udi, gari zima. Anaulizwa anashuka wapi, anasema mbele kidogo. Kerege inapita, bado mbele kidogo. Simu yenye taa inaanguka chini, dereva anainama kuiokota, anaona kwato. Anaacha gari na kukimbia mpaka Zinga, kwa muuza kahawa, mtu mzima, kanzu safi, birika liko motoni. Anamweleza. Muuza kahawa anamimina kikombe, anavuta kanzu juu kidogo. "Kama hizi?"

Wasimulizi wabovu huzifikisha kwato mapema, na hapo ndipo wanapoharibu. Kwato za kwanza ni za kushtua tu. Za pili ndizo zinazoua, kwa sababu zimekaa pale ambapo mtu wa pwani hukimbilia: kwenye kahawa, kwenye moto, kwa mtu mzima. Na udi lazima utangulie, maana udi ni wa bibi harusi na ni wa wenyewe pia. Pua inafurahi wakati akili inaanza kuuliza. Filamu zetu za video za miaka ya 2000, Nsyuka na Shumileta za Mussa Banzi zikiwa mstari wa mbele, hazikuwa na uwezo wa kutumia pua. Kamera inadai sura, na sura ukishaiona imekwisha.

Shaaban Robert alilitatua tatizo hilo kwa kupindua mpangilio. Katika Adili na Nduguze, ya 1952, Ikibali anachungulia usiku na kumwona Adili, mtu mwema kuliko wote, akiwachapa viboko manyani wawili. Tunaona tendo kabla ya sababu. Habari za Huria, binti wa mfalme wa majini, na za ndugu waliogeuzwa, zinakuja baadaye sana, na kwa muda wote huo tunamwogopa mtu mwema. Kisa kina asili yake katika Alfu Lela Ulela, lakini subira ile Shaaban Robert aliijua kuitunza.

Nimeiandika upya ile hadithi ya gazetini. Jini nimemtoa. Kimebaki chumba cha ghorofani, mpangaji kutoka bara ambaye ameambiwa asifagie usiku, chetezo dirishani ambacho hakuna anayekiri kukiweka, na sentensi zangu tatu, kuna, pana, mna, zikiwa zimeachana kurasa nyingi. Kabla ya kuipeleka nilimsomea shangazi yangu, aliyekulia Dunda, hapo hapo Bagamoyo. Alisikiliza mpaka mwisho, ungo mapajani, akichagua mchele.

"Nyumba ile si walishaibomoa?"

"Ipi, shangazi? Nimeibuni."

Akapeta mara mbili, pumba zikaruka.

"Haya, umeibuni," akasema. "Ila ghorofani usingepataja."