Mizani ya Muziki wa Sinema

Atokaye katika jumba la sinema huku akiimba kimoyomoyo wimbo aliousikia humo hudhani, wala si ajabu kudhani hivyo, kwamba mtunzi amefaulu. Walakini wimbo kunasa masikioni ni ithibati ya wimbo tu, si ithibati kwamba picha imehudumiwa, na atakaye kuutambua ustadi wa kazi hii hana budi kuuliza ni kitu gani muziki umetia ambacho macho peke yake yasingekiona.

Bernard Herrmann, mzaliwa wa New York aliyeongoza okestra katika redio ya CBS kabla ya kuingia sinema kwa Citizen Kane mwaka 1941, ndiye wa kujifunzia kipimo hiki. Tazama Psycho, filamu ya Alfred Hitchcock ya mwaka 1960, pale mwanamke aliyetoroka na fedha za watu anapoendesha gari usiku mvuani: zima sauti, nawe huoni ila uso, usukani na vifutio vya kioo vikienda na kurudi, irudishe, na fidla zile zinazokimbia pasi na kufika popote zitakuarifu kuwa hofu imo ndani ya nafsi yake, wala haiko barabarani.

Kisha angalia ala zilizoachwa. Tarumbeta, filimbi na ngoma zote Herrmann aliziweka kando, akabaki na ala za nyuzi peke yake ili sauti iafikiane na picha isiyo na rangi. Tena nyuzi zenyewe akaamuru zipigwe zikiwa zimefifishwa kwa vizibo, isipokuwa katika mauaji ya mwanamke huyo bafuni, ambamo vizibo viliondolewa. Wengi husifu ukali wa bafuni. Mjuzi husifu unyamavu uliotangulia, kwani pasipo huo ukali usingekata.

Hitchcock, kwa hakika, alitaka bafuni pasiwe na muziki, akakubali alipousikia ule aliotunga Herrmann. Na miaka 3 baadaye, katika The Birds, haukutungwa muziki wowote, bali sauti za ndege zilizotengenezwa kwa mitambo, na mshauri wa sauti alikuwa Herrmann huyo huyo. Mtunzi ajuaye kushika kalamu na kuiweka chini ni adimu. Katika televisheni, ambako fedha na wasaa ni haba, kipimo hiki huwa kikali zaidi: kwa kipindi kimoja cha The Twilight Zone cha mwaka 1959 alitosheka na nyuzi na kinubi.

Mwaka 1966 Herrmann na Hitchcock wakafarakana. Studio ilitaka nyimbo za kuuzika kwa vijana katika Torn Curtain, filamu ya Hitchcock, naye Herrmann akaleta kikosi kizito cha pembe na tromboni, akaachishwa kazi wakati wa kurekodi. Muziki ule baadaye ulitolewa katika santuri, na washabiki huuinua juu ya uliotumika. Mimi naona hukumu hiyo ni ya pupa mpaka msikilizaji auweke juu ya picha yenyewe.