Dirisha la karatasi

Tunataka kusema na wasomaji wetu juu ya picha za Kolwezi alizozipiga Sammy Baloji, mzaliwa wa Lubumbashi (1978), karibu na mwaka 2010. Upande mmoja tunaona kambi ya wachimbaji wa mkono: hema za bashi, miti, kamba, udongo uliogeuzwa. Upande wa pili ameweka karatasi za picha zilizochapwa Uchina, zinazouzwa kambini humo: maghorofa, maji ya kuanguka, bustani. Wachimbaji huzinunua na kuzitundika hemani.

Mtu wa haraka atacheka: asiye na mlango ananunua ghorofa ya karatasi! Sisi wenyewe tuliwahi kuhubiri hivyo, tukiita jambo hilo tamaa. Picha hizi zimetukemea.

Tukumbuke yaliyotangulia. Union Minière, iliyoanzishwa mwaka 1906, ilimpa mfanyakazi nyumba, posho, shule na hospitali. Ilimwongoza pia kama mtoto mdogo, na hilo hatulisifu. Mwaka 1967 Serikali ikaichukua mali yake, ndiyo Gécamines ya baadaye. Hiyo nayo ilipodhoofika, wafanyakazi zaidi ya 10,000 waliondoka katika mpango ulioanza mwaka 2003. Basi baba alikuwa na nambari ya kazi, mlango na jirani. Mwana ana bashi, na jirani asiyejua ukoo wake, ambaye kesho atahamia shimo lingine. Kobalti anayoichimba inasafirishwa hata Uchina. Kwake inarudi karatasi.

Karatasi hiyo ni kama televisheni ya kambi: inamwonyesha dunia, lakini haimsikii. Hapo ndipo tunaona nguvu ya Baloji. Haziunganishi picha mbili. Anaacha nafasi katikati, na katika nafasi ile tunauona upweke wa mchimbaji. Karatasi si tamaa tu. Ni dirisha la mtu asiye na dirisha.

Lakini tuseme pia kipungufu. Picha haisemi. Haituambii nani alichagua maji ya kuanguka, wala alimkumbuka nani alipoyatundika. Hilo si kosa la mpiga picha. Ni kazi iliyobaki kwetu. Padri au mwalimu wa dini akiingia hemani, asianze na mahubiri. Aulize kwanza: «Ndugu, picha hii umeipendea nini?» Kisha anyamaze, asikie.